Je, Wajua? Mtunzi wa Sherlock Holmes na Jalada Lililofunguliwa Karema

Arthur Conan Doyle alizaliwa Edinburgh, Uskoti, tarehe 22 Mei 1859, akasomea udaktari, kisha akaacha tiba na kushika kalamu. Mpelelezi wake, Sherlock Holmes, alitokea mara ya kwanza mwaka 1887, na hadithi yake ya mwisho ikachapishwa mwaka 1927. Hiyo ni miaka 40, riwaya 4 na hadithi fupi 56. Hayo wengi wanayafahamu. Jambo ambalo halisimuliwi sana, hata huku kwetu, ni kwamba mwaka 1909 Mskoti huyu alimweka Sherlock kando akashughulikia mauaji ya kweli, na mtuhumiwa wake alikuwa mfalme. Ukilirudisha nyuma jalada la kesi ile hadi kurasa zake za mwanzo, unafika Karema, kando ya Ziwa Tanganyika, mkoani Katavi.

Je, wajua kwamba kituo cha kwanza cha Mfalme Leopold wa Pili wa Ubelgiji katika bara hili kilijengwa Karema na si Kongo? Septemba 1876 Leopold aliwakusanya wanajiografia na wasafiri mashuhuri wa Ulaya katika kasri lake jijini Brussels, na hapo likaundwa Shirika la Kimataifa la Afrika. Shabaha zilizotangazwa zilikuwa za kupendeza: kupanua elimu, kukomesha biashara ya watumwa, na kujenga vituo ambako msafiri yeyote angepumzika na kupata msaada. Msafara wa kwanza uliteremka Zanzibar Desemba 1877. Kiongozi wake, Kapteni Crespel, na mwanasayansi Maes walifia Unguja mwezi uliofuata, safari yenyewe haijaanza. Wautier, aliyeletwa kuziba pengo, akafia njiani kabla mwaka 1878 haujaisha. Aliyefika ziwani ni Ernest Cambier, na Agosti 1879 akaanza kujenga boma pale Karema, katika nchi ya Wabende.

Tarehe hiyo itazamwe vizuri. Mwezi huo huo wa Agosti 1879, upande wa pili wa bara, Henry Morton Stanley alikuwa anawasili kwenye mlango wa Mto Kongo. Alikuwa ameajiriwa na mfalme yule yule, ila kazi yake haikupigiwa tarumbeta. Karema ilikuwa ya kuonyeshwa watu. Kongo ilikuwa ya kuchukuliwa. Naamini ndiyo maana boma la Karema liliendelea kuletewa watu na fedha hata pale ilipokuwa wazi kwamba halina biashara ya maana. Jina lake lilitosha kuwafanya wafadhili wa Ulaya waamini kwamba mfalme ana huruma.

Je, wajua kwamba tembo wa Kihindi waliwahi kutumwa Karema? Walikuwa wanne. Waliletwa kwa meli kutoka India pamoja na walezi wao, wakateremshwa Msasani, Dar es Salaam, katikati ya mwaka 1879. Gharama alibeba Leopold, na msafara uliongozwa na Kapteni Frederick Carter. Wazo lilikuwa kwamba tembo hao wakivumilia mbung'o na malisho ya huku, basi tembo wa Afrika nao wangeweza kufunzwa kazi, na mizigo ingetoka mabegani mwa wapagazi. Njia ilikuwa ndefu na shehena nzito. Wakafa mmoja baada ya mwingine, na aliyeiona Karema, Desemba ya mwaka huo, alikuwa mmoja tu. Naye hakudumu.

Carter mwenyewe aliondoka ziwani mwaka 1880 akiwa na mwenzake Cadenhead, wakirudi pwani. Hawakufika. Walikuwa Mpimbwe wakati majeshi ya Mirambo na washirika wake yalipokishambulia kijiji, na wote wawili wakauawa pamoja na watu wengi wa msafara. Mtu wa Usevya au Majimoto akisimuliwa habari hii, anasimuliwa habari ya nyumbani kwao.

Je, wajua kwamba Mskoti wa kwanza kuikosoa Karema kwa maandishi alisoma chuo kimoja na Conan Doyle? Jina lake ni Joseph Thomson. Wote wawili walikuwa wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Edinburgh katika miaka ya 1870, mmoja akisomea miamba, mwingine udaktari. Mwaka 1879 Thomson alikuja huku akiwa msaidizi wa Keith Johnston, mchora ramani wa Edinburgh. Johnston akafariki Behobeho, karibu na Rufiji, mwezi Juni, na kijana wa miaka 21 akajikuta ndiye mkuu wa msafara. Bahati yake ilikuwa kwamba mnyapara wake ni Chuma, yule yule aliyeshiriki kuubeba mwili wa Livingstone hadi pwani. Bila Chuma sidhani kama tungelisikia jina la Thomson. Alipopita Karema aliwakuta Wabelgiji na boma lao, na katika kitabu chake cha 1881 akahoji bila kificho kwa nini watu wenye akili wamechagua mahali kama pale. Baadaye, mwaka 1888, Thomson naye alijaribu riwaya. Inaitwa Ulu na alishirikiana kuiandika na mwandishi mwingine. Haikupata wasomaji wengi.

Huyo Thomson ndiye pia aliyeshuhudia maji ya ziwa yakitoka kwa nguvu kupitia Mto Lukuga, upande wa Kongo. Mlango wa mto huo ulikuwa umezibuka muda mfupi kabla, na kwa miaka mingi iliyofuata ziwa likashuka. Ndiyo maana boma la Karema lililojengwa karibu na maji lilibaki likiwa limeachwa nyuma na ufuko. Anayelitazama leo anaweza kudhani wajenzi walikosea vipimo. Ziwa ndilo lililohama. Na lina tabia ya kurudi: miaka ya 2020 na 2021 lilipanda likaingia katika nyumba na magati ya mwambao.

Je, wajua kwamba Leopold aliiacha Karema mara tu alipopata alichokuwa anakitafuta? Mkutano wa Berlin ulimalizika mapema mwaka 1885. Mataifa yakalitambua dola lake la Kongo, nchi yenye ukubwa mara nyingi kuliko Ubelgiji, mali yake binafsi. Karema, iliyo mashariki ya ziwa, ikaangukia upande wa Wajerumani. Mwaka huo huo boma likakabidhiwa kwa Mapadre Weupe wa Kardinali Lavigerie, na ikawa misheni. Jina la Karema likaingia katika historia ya Kanisa: jimbo ambalo leo linaitwa Sumbawanga liliitwa Karema hadi mwaka 1969.

Hapa inafaa kumtaja daktari mmoja. Conan Doyle alifungua kliniki yake Southsea, kusini mwa Uingereza, mwaka 1882, na kwa kuwa wagonjwa walikuwa wachache alipata nafasi ya kuandika hadithi. Mwaka 1889 alifika Karema tabibu mwingine, Adriano Atiman. Alizaliwa karibu na Mto Niger, katika nchi ambayo leo ni Mali, akatekwa na kuuzwa utumwani akiwa mtoto, akakombolewa na mapadre huko Algeria, akapelekwa Malta kusomea utabibu. Alitibu na kufundisha dini Karema hadi alipofariki mwaka 1956. Miaka 67 mahali pamoja! Wazee wa mwambao walilitaja jina lake kwa heshima ambayo watawala wachache waliipata. Natamani siku moja mtunzi wetu amwandikie riwaya nzima.

Je, wajua kwamba siri ya Kongo iligunduliwa na karani aliyekuwa anahesabu shehena bandarini? Huyu ni E. D. Morel, mfanyakazi wa kampuni ya meli ya Elder Dempster ya Liverpool, kampuni iliyokuwa inabeba mizigo kati ya Antwerp na Kongo. Mwishoni mwa miaka ya 1890 kazi yake ilimpeleka mara kwa mara Antwerp kukagua hesabu. Akaona meli zinatoka Kongo zimejaa mpira na pembe za ndovu, mali ya fedha nyingi sana. Akaangalia kinachorudishwa Kongo kulipia mali hiyo. Nguo hamna, shanga hamna, wala chumvi. Kilichopakiwa kwa wingi ni bunduki na risasi.

Morel hakuwahi kufika Kongo. Hakuwa na shahidi aliyeona kwa macho. Alikuwa na madaftari tu, na kutokana na madaftari akafikia jibu moja lisilokwepeka: ikiwa mali inatoka na malipo hayaingii, basi watu wanafanyishwa kazi kwa mtutu. Mimi nimesoma hadithi nyingi za Sherlock Holmes na sijaona humo fikra iliyonyooka kuliko hiyo. Na ilikuwa kweli. Mwaka 1901 Morel aliacha kazi. Mwaka 1903 Roger Casement, balozi mdogo wa Uingereza huko Kongo, akapanda mto kwa mashua ya mvuke, akakusanya maelezo ya wanakijiji wenyewe, kijiji baada ya kijiji, na taarifa yake ikatolewa mwaka uliofuata. Machi 1904 wakaanzisha Chama cha Mageuzi ya Kongo. Picha zilizopigwa na mmisionari Alice Seeley Harris zikawafikishia watu wa Ulaya yale ambayo maneno yalishindwa kuyabeba.

Mikono iliyokatwa ilikuwa na sababu yake ya kiofisi, na hilo ndilo linaloumiza zaidi. Wakubwa walitaka askari aeleze kila risasi imekwenda wapi. Risasi moja, mtu mmoja. Na uthibitisho ukawa mkono wa kuume wa aliyeuawa. Askari aliyepoteza risasi akiwinda nyama alitafuta mkono wa mtu aliye hai ili hesabu yake ikae sawa.

Je, wajua kwamba Conan Doyle alikiandika kitabu chake juu ya Kongo kwa siku nane, kama wanavyosimulia waandishi wa maisha yake? Alikutana na Morel, akasoma taarifa zote, akajifungia ndani. Kitabu kilitoka mwaka 1909 kwa jina The Crime of the Congo. Sura yake ya kwanza inaeleza jinsi dola lile lilivyoanzishwa, na zinazofuata zinapanga ushahidi mwaka kwa mwaka, mtu kwa mtu: maofisa, wamisionari, mabalozi. Humo hakuna mbwa mkubwa wa Baskerville wala ukungu wa London. Kuna majina ya vijiji. Kisha Conan Doyle akazunguka miji ya Uingereza pamoja na Morel akihutubia kumbi zilizojaa. Wakati huo alikuwa miongoni mwa waandishi mashuhuri kabisa duniani, na umaarufu alioupata kwa Sherlock akautumia hapo.

Wakati kitabu kinatoka, Leopold alikuwa ameshalazimika kuikabidhi Kongo kwa serikali ya Ubelgiji, Novemba 1908. Alifariki Desemba 1909. Hakuwahi kusimama mbele ya hakimu.

Tena, kabla ya kukabidhi nchi, mfalme alihakikisha nyaraka za dola lake zinateketezwa. Tanuri za Brussels ziliwaka kwa siku nane Agosti 1908 zikichoma makaratasi. Mwandishi wa riwaya za upelelezi angeliweka hilo mwishoni mwa sura, maana mtu asiye na hatia hachomi madaftari yake.

Haki inataka tuseme na upande mwingine. Conan Doyle alikuwa mtu wa himaya ya Uingereza kwa moyo wote. Mwaka 1902 alipewa heshima ya kuitwa Sir baada ya kuandika kitabu cha kuutetea mwenendo wa jeshi la Uingereza katika vita vya Makaburu, vita ambavyo maelfu ya wanawake na watoto, weupe na weusi, walikufa makambini. Na mwaka ule wa 1909 Karema ilikuwa chini ya Wajerumani, waliokuwa wametoka kuzima Maji Maji kwa moto na njaa. Kwa yaliyowapata watu wa Songea na Liwale hakuandika kitabu. Alifumbua jicho moja, na lile moja liliona kwa ukali wa ajabu. Nalishukuru jicho hilo, na hilo lililofumba silisahau.

Ingekuwa kosa kudhani Afrika aliijua vitabuni tu. Mwishoni mwa mwaka 1881, akiwa daktari kijana wa meli iitwayo Mayumba, alisafiri pwani ya Afrika Magharibi akaugua homa nusura afe. Mjini Monrovia, Liberia, alipata mgeni aliyemkumbuka maisha yake yote: Henry Highland Garnet, mzaliwa wa utumwani aliyekuja kuwa mhubiri, mpigania uhuru wa watu weusi na balozi wa Marekani. Walizungumza kwa siku tatu, juu ya vitabu na juu ya bara. Garnet alifariki wiki chache baadaye, Februari 1882. Miaka 27 ikapita kabla ya The Crime of the Congo. Wapo wanaosema mazungumzo yale ndiyo mbegu yake, na mimi sioni sababu ya kuwabishia. Kuelekea mwisho wa maisha yake, majira ya 1928 na 1929, alirudi tena barani akafika hadi Kenya.

Je, wajua kwamba mwaka ule ule wa 1909, mjini Edinburgh, Oscar Slater alihukumiwa kwa mauaji ambayo hakuyafanya? Conan Doyle alimpigania kwa miaka mingi. Slater alitoka gerezani mwaka 1927 na hukumu ikafutwa mwaka 1928. Kabla yake alikuwa amemtetea George Edalji, wakili mwenye asili ya India aliyefungwa kwa kusingiziwa kujeruhi mifugo.

Je, wajua kwamba Sherlock Holmes aliwahi kukumbana na kitu kinachofanana na mwavi? Hadithi ilichapishwa Desemba 1910, mwaka mmoja baada ya kitabu cha Kongo. Watu wanakutwa wamekufa au wamerukwa na akili kwa hofu ndani ya chumba kilichofungwa, na chanzo ni unga wa mzizi ulioletwa na msafiri kutoka nchi ya Ubangi, unga ambao waganga wa huko wanasemekana kuutumia kwa kiapo. Mzizi huo haupo. Conan Doyle aliubuni. Kiapo cha mwavi, kwa upande wake, wazee wa Ufipa na Ukonongo hawahitaji Mskoti awaeleze.

Na katika The Lost World, riwaya yake ya 1912, wahusika wawili waliazima sura zao kutoka kwa wanaharakati wa Kongo: Malone ana kitu cha Morel, na Lord John Roxton ana mengi ya Casement. Casement alinyongwa na serikali ya Uingereza Agosti 1916 kwa kupigania uhuru wa Ireland. Conan Doyle alikuwa miongoni mwa walioandika kuomba asamehewe.

Je, wajua kwamba Uskoti haijaacha kazi hii? Mwaka 1987, miaka 100 kamili baada ya Sherlock, Ian Rankin alimleta Inspekta John Rebus katika mitaa ya Edinburgh. Jambo la pekee kwa Rebus ni kwamba anazeeka. Kadiri miaka ya wasomaji inavyokwenda, na yake inakwenda. Mwaka 2007 akafikisha miaka 60 na ikabidi astaafu polisi, ingawa Rankin alimrudisha mwaka 2012 na katika kitabu cha 2024 yumo gerezani, mfungwa. Mwingine ni Alexander McCall Smith, mzaliwa wa Bulawayo na aliyekuwa profesa wa Edinburgh, ambaye tangu 1998 amemwandika Precious Ramotswe, mpelelezi mwanamke wa Botswana.

Lakini wasomaji wa Kiswahili hatukungoja kuletewa. Je, wajua kwamba mpelelezi wetu wa kwanza mashuhuri naye alivuta kiko? Muhammed Said Abdulla alizaliwa Makunduchi, Unguja, mwaka 1918. Alifanya kazi katika idara ya afya kabla ya kuingia kwenye magazeti, na baadaye akawa mhariri wa Mkulima hadi alipostaafu mwaka 1968. Riwaya yake Mzimu wa Watu wa Kale ilishika nafasi ya kwanza katika mashindano ya uandishi ya 1957 na 1958 yaliyoendeshwa na East African Literature Bureau, ikachapishwa mwaka 1960. Ndani yake yumo Bwana Msa, mtu mtulivu, mwenye kiko mdomoni na macho yasiyopitwa na kitu, pamoja na rafiki yake Najum. Yeyote aliyewahi kumsoma Holmes na Watson atawatambua mara moja.

Wahakiki wamelisema hilo mara nyingi, na baadhi yao wakaishia hapo, jambo linalonisikitisha. Abdulla alichukua kiko akakitia tumbaku ya nyumbani. Mauaji yake yanatokea penye mzimu, mahali ambapo kila mtu yuko tayari kuamini kwamba walioua ni wa kale. Bwana Msa hamcheki mtu kwa imani yake. Anauliza nani alikuwa wapi, nani anadaiwa, nani atarithi, hadi mkono wa binadamu unaonekana. Tena lugha yake! Mazungumzo ya barazani, chuku, mafumbo ya Kiunguja, tabia za watu zilizochorwa kwa sentensi mbili. Baada ya kitabu hicho vikafuata Kisima cha Giningi mwaka 1968, Duniani Kuna Watu, Siri ya Sifuri, Mke Mmoja Waume Watatu, Mwana wa Yungi Hulewa, na mwaka 1984 Kosa la Bwana Msa. Mfululizo wa miaka 24, na ni aibu kwamba kijana wa leo anaweza kumaliza sekondari bila kukishika hata kimoja.

Bara nako kukaja wengine. Faraji Katalambulla alitoa Simu ya Kifo mwaka 1965, na kitabu hicho kikapita mikononi mwa watu hadi majalada yakachakaa. Elvis Musiba akamleta Willy Gamba katika Kufa na Kupona mwaka 1974, jasusi wa Tanzania anayezilinda siri za wapigania uhuru wa kusini. Katika Kikosi cha Kisasi, Gamba anatumwa Kinshasa. Msomaji wa Katavi apige picha hiyo: mpelelezi kutoka nchi yenye Karema anaingia kwenye jiji lililoitwa Léopoldville hadi mwaka 1966, kwenda kuwasaka wauaji. Sijui kama Musiba alilifikiria hivyo, lakini mimi kila nikikisoma nalifikiria.

Na yupo wa ziwani kabisa. Ben Mtobwa alizaliwa mkoa wa Kigoma mwaka 1958, jirani wa Katavi kwa upande wa kaskazini. Mpelelezi wake wa kujitegemea, Joram Kiango, alipata wapenzi kila palipofika basi: Salamu Toka Kuzimu, Tutarudi na Roho Zetu?, Najisikia Kuua Tena. Mtobwa hakusubiri wachapishaji wakubwa. Alianzisha kampuni yake ya Heko, akachapa mwenyewe. Alifariki Dar es Salaam Novemba 2008, akiwa na miaka 50.

Je, wajua kwamba kuna kesi moja ya Karema ambayo ushahidi wake bado uko Brussels? Mwaka 1882 alifika Karema Luteni Émile Storms kuliongoza boma. Mwaka uliofuata akavuka ziwa akajenga kituo cha pili, Mpala, mkabala na Karema. Huko akagombana na Lusinga, mtawala wa Watabwa. Lusinga hakuwa malaika: aliteka watu na kuwauza, na majirani wengi walimwogopa. Storms alitaka eneo lile liwe lake, na katika shajara yake akaandika wazi kwamba atakipata kichwa cha mtu huyo. Desemba 1884 watu wake waliuvamia mji wa Lusinga, wakamwua, wakamkata kichwa wakakileta Mpala.

Storms aliporudi Ubelgiji mwaka 1885 alikuwa na mafuvu matatu ya watawala katika mizigo yake, pamoja na sanamu ya mbao ya mababu wa Lusinga. Mwaka 1886 Dkt. Émile Houzé akayapima mafuvu hayo na kuyajadili mbele ya chama cha wanaanthropolojia cha Brussels, kana kwamba yaliokotwa. Baadaye mjane wa Storms akavitoa vitu hivyo kwa makumbusho ya Tervuren. Sanamu ikabaki huko na kusifiwa kwa ufundi wake. Mafuvu yakahamishiwa Taasisi ya Sayansi Asilia ya Ubelgiji, yakawekwa kabatini, na umma ukasahau.

Mwaka 2018 mwandishi wa habari za uchunguzi, Michel Bouffioux, alilifukua jambo hilo katika gazeti la Paris Match la Ubelgiji: jina la marehemu, jina la aliyeamuru, tarehe, mahali fuvu lilipo. Juni 2022 wakuu wa Ixelles, manispaa mojawapo ya Brussels, waliondoa sanamu ya kichwa cha Storms iliyokuwa imesimama kwa miaka mingi katika bustani ya Square de Meeûs.